Jeraha la Moto wa Nje na Kalamu ya Askari

Ndugu zetu wa jeshi na wa polisi waijua baridi ya usiku kuliko wengi. Anayelinda kizuizi cha barabarani katika milima ya Kabale, au anayelala nje na kikosi chake huko Karamoja, hawezi kulaumiwa akikusanya kuni na kuwasha moto. Moto wa namna hiyo, uliowashwa kwa kusudi, nje ya nyumba, mbele ya macho ya watu, una alama yake katika vitabu vya matabibu: herufi moja na tarakimu mbili, X03. Twapenda kuieleza alama hiyo kwa askari kwa sababu moja tu. Mara nyingi anayeamua kama itaandikwa kwa haki au kwa uongo si daktari, bali ni yule aliyemfikisha majeruhi hospitalini na kueleza yaliyotokea.

Orodha ambamo alama hiyo imo si ya jana. Mfaransa Jacques Bertillon, mtaalamu wa takwimu, aliwasilisha orodha ya sababu za vifo mjini Chicago mwaka 1893. Shirika la Afya Duniani likaichukua kazi hiyo mwaka 1948, katika toleo la sita, na kuipanua ihesabu magonjwa na majeraha pia, wala si vifo peke yake. Toleo la kumi lilikubaliwa mwaka 1990. La kumi na moja limeanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini nchi nyingi zingali zikilitumia lile la kumi, na ndilo tutakalolifuata hapa.

Katika toleo hilo mtu aliyeungua husimuliwa mara mbili: kwanza mwili wake, kisha chanzo cha msiba wake. Mwili una herufi T. Kichwa na shingo ni T20, kiwiliwili T21, bega na mkono T22, kiganja na kifundo chake T23, nyonga na mguu T24, wayo na kifundo chake T25. Baada ya nukta hufuata tarakimu ya kina cha jeraha: 1 ikiwa ngozi imekuwa nyekundu tu, 2 ikiwa imetoa malengelenge, 3 ikiwa ngozi yote imeteketea. Askari aliyetokwa na malengelenge viganjani ni T23.2. Na kama tabibu hakuweza kutambua kina, huandika 0, yaani haijulikani.

Hapo yafaa tutue kidogo. Sifuri hiyo mara nyingine huletwa na sisi wenyewe, watu wa mwanzo kumfikia majeruhi. Aliyeungua apozwe kwa maji safi ya baridi yanayotiririka, kwa muda wa dakika 20 hivi, kisha afunikwe kwa kitambaa safi. Samli, tope na dawa ya meno, ambazo watu wetu huzikimbilia, huchafua jeraha na kuifunika rangi ambayo tabibu anahitaji kuiona.

Ukubwa wa jeraha nao una alama yake, T31, na kipimo chake mtu aweza kujifunza kwa dakika chache. Ni ile hesabu ya tisa iliyotangazwa na daktari Wallace mwaka 1951: kichwa na shingo sehemu 9 katika 100, kila mkono 9, upande wa mbele wa kiwiliwili 18, upande wa nyuma 18, kila mguu 18, na sehemu 1 iliyobaki ni ya siri. Watoto hawapimwi hivyo, kwa maana vichwa vyao ni vikubwa kulingana na miili. Kwa majeraha yaliyotawanyika, kiganja cha majeruhi mwenyewe pamoja na vidole vyake hukadiriwa kuwa sehemu 1.

Sasa tufike kwenye chanzo, ambako ndiko penye fitina. Ajali za moto zimepangwa kutoka X00 hadi X09. Moto uliotoroka ndani ya jengo ni X00. Uliotoroka nje, kama wa msituni, ni X01. Moto wa jikoni ulio mahali pake ni X02, na ule wa nje ulio mahali pake ni X03. Petroli au mafuta ya taa yanayolipuka ni X04. Nguo zinazoshika moto ni X05 na X06. Mwisho kabisa iko X09, alama ya moto usiojulikana ulikotoka, ambayo karani huiandika pale anapopewa maneno mawili tu: "ameungua moto".

Tuchukue mfano. Jioni moja kambini, kuni zimelowa mvua. Kijana mmoja achukua debe la petroli na kuyamwaga juu ya makaa. Ulimi wa moto warudi na kumshika mikono na uso. Wenzake, kwa kumwonea huruma na kwa kuogopa maswali juu ya petroli ya gari, wasema hospitalini kwamba alikuwa akiota moto akateleza. Karani aandika X03. Tukadhani wenzake wamemsitiri. Lakini mkuu wa matibabu, akizihesabu X03 zake mwishoni mwa mwaka, atashauri mioto ya jioni ipigwe marufuku au izungushiwe mawe, na debe la petroli litabaki lilipo likimngoja kijana mwingine. Huruma ya namna hiyo twaiona kuwa ghali mno.

Baina ya X01 na X03 pana swali jingine, nalo lawahusu polisi hasa: je, moto ulikuwa chini ya mamlaka ya aliyeuwasha? Sheria ya Uganda ya mwaka 1974 ilikataza uchomaji wa nyasi, isipokuwa ule uliopewa idhini na kusimamiwa. Lakini alama ya tabibu haifuati idhini. Moto wa mkulima asiye na ruhusa, ukikaa ndani ya mpaka wake, ni X03. Moto wenye ruhusa, ukipeperushwa na upepo ukavuka mpaka, ni X01. Idhini ni shauri la mahakama.

Na si kila aliyeungua penye moto wa nje ameungua kwa ajali. Aliyesukumwa motoni na mwenziwe ni X97. Aliyejichoma ni X76. Pasipojulikana nia, iko Y26, nayo ni alama ya heshima kabisa. Afadhali kuiandika hiyo kuliko kuita ajali jambo ambalo halijachunguzwa. Moto wa vita una mahali pake peke yake, Y36.3. Tena yuko mgonjwa wa kifafa, anayeangukia mafiga, au aangukiaye ule moto wa jioni ambao Waacholi huuita wang oo. Ugonjwa wake una alama G40, nayo lazima iandikwe kando ya X03. Pasipo hiyo, atatibiwa ngozi na kurudishwa kwenye moto uleule bila dawa ya kifafa.

Wamarekani, ambao tangu Oktoba 2015 hutumia orodha waliyoirefusha wenyewe, wametenganisha hata miali, moshi, na kuanguka, na wana alama ya peke yake, Y99.1, ya jeraha lililopatikana katika shughuli za kijeshi. Kwetu sisi tarakimu moja ya mahali yatosha kwa kuanzia: kambi ya jeshi ni 1, barabara ni 4, shamba ni 7, uwanja wa mazoezi ya kijeshi ni 8.

Kwa hiyo askari anayejaza fomu ya PF3, au koplo anayempeleka mwenzake kwa mganga wa kikosi, aandike moto ulikuwa wapi, nani aliuwasha na kwa kazi gani, kama ulikaa mahali pake, kitu gani kilitiwa ndani yake, na majeruhi alifikaje kuguswa nao. Mistari mitano yatosha. Kwa kijana wetu wa petroli, karani akiisoma mistari hiyo ataandika X04.1.