Watu wa Kale katika Milima ya Baridi ya Afrika Mashariki: Funzo la Fincha Habera kwa Sera za Urithi

Ikisiri

Akiolojia ya maeneo yenye baridi kali imezoeleka kuhusishwa na Siberia, Alaska na Greenland. Makala haya yanaeleza ushahidi wa makazi ya kale katika milima ya Bale nchini Ethiopia na kuulinganisha na ule wa kaskazini ya mbali. Yanabainisha kuwa milima mirefu ya Afrika Mashariki imeorodheshwa kimataifa kwa thamani ya maumbile pekee, hali inayoweza kuacha historia ya binadamu ipotee kabla haijasomwa. Mapendekezo yanatolewa kwa kuzingatia Rwanda na safu ya Virunga.

1.0 Utangulizi

Kanombe, ulipo uwanja wa ndege wa Kigali, iko katika mwinuko wa takriban mita 1,490 juu ya usawa wa bahari. Kilele cha Karisimbi, kilicho umbali usiofika kilomita 100 kaskazini-magharibi, kina mita 4,507. Kwa kawaida halijoto hushuka takriban nyuzi 6 za Selsiasi kwa kila mita 1,000 za kupanda. Hivyo Kanombe inapokuwa na nyuzi 20, kileleni hukaribia nyuzi 2. Wenyeji waliitambua tofauti hiyo tangu zamani. Jina Karisimbi huhusishwa na neno la Kinyarwanda isimbi, kauri nyeupe ambayo Kiswahili nacho huiita simbi, kutokana na weupe unaokifunika kilele mara kwa mara.

Swali la msingi ni iwapo watu wa kale waliikabili baridi ya namna hiyo au waliiepuka. Kwa muda mrefu ilidhaniwa kuwa milima mirefu ilikuwa miongoni mwa sehemu za mwisho kukaliwa na binadamu, kwa sababu ya baridi, uchache wa oksijeni na uhaba wa chakula.

2.0 Ushahidi wa Fincha Habera

Mwaka 2019 jarida la Science lilichapisha matokeo ya utafiti wa timu ya kimataifa iliyoongozwa na Götz Ossendorf katika pango la Fincha Habera, lililoko mita 3,469 juu ya usawa wa bahari katika milima ya Bale. Watu wa Zama za Mawe za Kati walilitumia pango hilo kati ya miaka 47,000 na 31,000 iliyopita, si lazima kwa mfululizo, bali kwa kulirejea tena na tena.

Maisha yao yalitegemea mambo matatu. La kwanza ni chakula: sehemu kubwa ya mifupa iliyopatikana ni ya fuko mkubwa wa Bale, mnyama asiyepatikana kwingineko duniani, na mingi ina alama za kuchomwa motoni. La pili ni maji, kwa kuwa katika enzi hiyo barafuto, yaani matandiko ya barafu yanayojongea polepole, zilikuwa zimefunika sehemu za juu za milima hiyo na kuyeyuka kwake kuliwapa watu maji. La tatu ni zana: obsidiani, jiwe la kivolkano linalokatika kwa makali ya kioo, ilichukuliwa kwenye miamba iliyo juu ya mita 4,000. Kwa maneno mengine, watu hao hawakukimbilia mlimani kujificha tu. Waliijua rasilimali ya mlima na kuifuata hadi karibu na barafu.

3.0 Baridi ya Kaskazini na Baridi ya Milimani

Katika kipindi hichohicho, takriban miaka 32,000 iliyopita, wawindaji waliishi kando ya mto Yana huko Siberia, kwenye latitudo ya 71 kaskazini. Zana zao ni pamoja na sindano za mfupa zenye tundu, ishara ya mavazi yaliyoshonwa.

Hata hivyo, baridi hizo mbili hazifanani. Ya kaskazini huja kwa majira na huambatana na miezi ya giza. Ya milima ya tropiki huja kila usiku na kuondoka kila mchana, tena huandamana na upungufu wa hewa: katika mwinuko wa Fincha Habera, oksijeni inayopatikana ni takriban theluthi mbili ya ile ya pwani. Uhifadhi wa masalia nao hutofautiana. Ardhi ya kaskazini iliyoganda mwaka mzima hutunza mbao, ngozi na nywele. Kwenye milima ya tropiki vitu hivyo huoza kwa urahisi zaidi. Ndiyo maana watafiti wa Bale walipima pia mabaki ya kikemikali ya kinyesi cha binadamu yaliyosalia katika udongo. Anayetafuta kwa macho peke yake hapa kwetu anaweza kupita juu ya makazi ya kale asiyatambue.

4.0 Milima Iliyoorodheshwa Bila Watu

Hifadhi ya Virunga ya Kongo iliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1979, Kilimanjaro mwaka 1987, Rwenzori mwaka 1994 na Mlima Kenya mwaka 1997. Zote ziliingizwa kwa vigezo vya maumbile. Milima ya Bale yenyewe iliorodheshwa mwaka 2023, miaka minne baada ya matokeo ya Fincha Habera kuchapishwa, nayo pia kwa vigezo vya maumbile pekee.

Athari yake ni ya kiutendaji. Hifadhi iliyoorodheshwa kwa ajili ya wanyama na mandhari hupimwa kwa idadi ya wanyama na hali ya mandhari. Njia ya watalii inapochongwa au kambi inapojengwa chini ya jabali, anayeulizwa ni mtaalamu wa wanyamapori. Mwanaakiolojia hana kiti katika kikao hicho.

Nchini Rwanda, utafiti wa akiolojia umejikita zaidi kwenye vilima vya chini, penye vyungu vya Urewe na tanuri za kuyeyushia chuma. Ni kweli kwamba Virunga si Bale: lava changa imefunika sehemu kubwa ya ardhi ya kale. Lakini mahali pasipochimbwa hapawezi kutangazwa kuwa hapakukaliwa.

5.0 Mapendekezo

Kwanza, mpango wa kupanua Hifadhi ya Taifa ya Volkano uambatane na ukaguzi wa akiolojia wa mapango na majabali kabla ya ardhi kubadilishiwa matumizi. Sheria Na. 28/2016 ya Rwanda kuhusu uhifadhi wa urithi wa utamaduni inatoa msingi wa kulidai hilo.

Pili, Bodi ya Maendeleo ya Rwanda, inayosimamia hifadhi, na Inteko y'Umuco, inayosimamia urithi wa utamaduni, ziwe na utaratibu mmoja wa kuripoti masalia. Askari wa hifadhi wanaofuata nyayo za sokwe kila siku wafunzwe kutambua zana za mawe. Hakuna mtafiti anayeweza kupita wanakopita wao.

Tatu, masalia yatunzwe karibu na wenyeji. Huko Quinhagak, Alaska, ambako kuyeyuka kwa ardhi iliyoganda na mawimbi ya bahari vinakula makazi ya kale ya Nunalleq, vitu vilivyookolewa tangu mwaka 2009 huhifadhiwa katika jumba la makumbusho la kijiji, lililofunguliwa mwaka 2018. Jamii zinazozunguka Virunga zinastahili haki hiyo.

6.0 Hitimisho

Fincha Habera imeonyesha kuwa binadamu na barafu walijuana barani Afrika tangu zamani sana. Wakati barafuto za Rwenzori na Kilimanjaro zikiendelea kupungua, mazingira yaliyoshuhudia ujuzi huo yanabadilika haraka. Kuitunza milima kama makazi ya sokwe ni wajibu uliokwisha kutambuliwa. Wajibu uliobaki ni kuisoma kama makazi ya watu kabla upanuzi na ujenzi havijatangulia.