Magoti ya Absalom Jones

Huko Marekani ya zamani, mvua kubwa ikinyesha, watu walitaniana kwamba siku kama hiyo hakuna aliye nje ila kunguru na wahubiri wa Kimethodisti. Ulikuwa utani wenye heshima ndani yake. Mhubiri wa Kimethodisti aliishi juu ya farasi. Mzunguko wake ulichukua wiki kadhaa kuumaliza, kibanda cha mlowezi hadi kibanda, akivuka mito isiyo na madaraja, Biblia na kitabu cha nyimbo vikiwa kwenye mkoba wa tandiko. Kwa kazi hiyo alilipwa dola 64 kwa mwaka, pale michango ilipotosha. Wengi walikufa wangali vijana.

Aliyewaongoza, Francis Asbury, alikuwa mtoto wa mtunza bustani wa karibu na Birmingham, Uingereza. Alivuka bahari mwaka 1771 akiwa na umri wa miaka 26, na hakurudi tena kwao. Hakuoa, hakujenga, hakuwa na anwani. Katika miaka 45 alisafiri zaidi ya kilomita 400,000, nyingi akiwa kwenye tandiko. Alipofika palikuwa na Wamethodisti mia chache tu; alipokufa mwaka 1816 walikuwa wamepita laki mbili.

Jina lenyewe lilianza kama kejeli. Pale Oxford, ndugu wawili, John na Charles Wesley, walikusanya wenzao wakawa wanafunga, wanasoma Maandiko na kuwatembelea wafungwa kwa saa zilizopangwa. Wanafunzi wengine wakawacheka na kuwaita Wamethodisti, kwa mtindo wao wa kufuata ratiba mpaka katika sala. Mwaka 1735 John alipanda meli kwenda koloni la Georgia, akitumaini kuwahubiria wenyeji wa huko. Mambo yakamharibikia. Alimpenda msichana aitwaye Sophia Hopkey, akasitasita, msichana akaolewa na mwingine. Wesley akamnyima Meza ya Bwana, akashtakiwa, na Desemba 1737 akaondoka usiku. Marekani ilimjua kwanza kama mchungaji aliyeshindwa. Ni baada ya kurudi London, jioni ya tarehe 24 Mei 1738, katika mkutano mdogo wa mtaa wa Aldersgate, ndipo alipohisi moyoni kwamba amesamehewa yeye mwenyewe, si wanadamu kwa jumla.

Hisia hiyo ndiyo kiini cha mafundisho yote yaliyofuata. Wakalvini wa siku zile walishika kwamba Mungu amekwisha kuchagua nani ataokoka na nani hataokoka. Wesley alikataa kabisa. Alifundisha kwamba neema inamtangulia kila mtu, inamwamsha hata kabla hajajua anaitwa, na mtu anaweza kuipokea au kuikataa. Akiipokea anahesabiwa haki kwa imani. Halafu safari ndefu ya utakaso inaanza, na Wesley hakuogopa kusema kwamba hapa hapa duniani mtu anaweza kufikia upendo mkamilifu. Wapinzani waliliona fundisho hilo kuwa kiburi. Mimi naliona kuwa kali kuliko lile la kuchaguliwa, kwa sababu halimwachii mtu kisingizio.

Neema hiyo ilisimamiwa kwa utaratibu. Waumini waligawanywa katika madarasa ya watu kumi na wawili au zaidi kidogo, wakakutana kila wiki na kuulizana hali ya roho zao. Kanuni Kuu za mwaka 1743 zilikuwa tatu: usidhuru, tenda mema, usiache ibada. Katika orodha ya mambo yaliyokatazwa mlikuwamo kunywa pombe kali, kukopa bila uwezekano wa kulipa, na hata kuvaa dhahabu. Aliyefanya vema alipewa tikiti ya uanachama kila robo mwaka. Asiyekuwa nayo alibaki mlangoni.

New York, Umethodisti unasimuliwa kuwa uliwashwa na mwanamke. Mwaka 1766 Barbara Heck, mhamiaji kutoka Ireland, aliwakuta jamaa zake wakicheza karata. Akazikusanya akazitupa motoni, kisha akaenda kwa binamu yake Philip Embury, seremala aliyewahi kuhubiri, akamwambia ahubiri kabla hawajaangamia wote. Embury alihubiri nyumbani kwake mbele ya watu watano. Mmoja wao alikuwa mtumishi Mwafrika, Betty.

Tumkumbuke huyo Betty. Tangu siku ya kwanza Mwafrika alikuwamo chumbani.

Vita vya uhuru vilikaribia kuuzima moto huo. Wesley aliandika kuwapinga waasi, wahubiri wake Waingereza wakakimbilia kwao, Asbury peke yake akabaki na kujificha Delaware. Vita vilipokwisha, Wamethodisti wa Marekani hawakuwa na kasisi wa kuwabatizia watoto. Wesley, ambaye hakuwa askofu, akawawekea mikono wahubiri wawili na kumtuma Dakta Thomas Coke awasimamie pamoja na Asbury. Asbury akasema hatakubali cheo mpaka wahubiri wenzake wampigie kura. Kura ikapigwa Baltimore, katika mkutano wa Krismasi ya mwaka 1784, na Kanisa la Kiaskofu la Methodisti likazaliwa. Baadaye mzee Wesley alichukizwa sana kusikia Asbury anaitwa askofu, lakini bahari ilikuwa pana.

Mkutano huo huo uliamua kwamba kila muumini mwenye watumwa awaachie huru. Haikuwa ajabu: mwaka 1774 Wesley alikuwa ameandika kijitabu cha kuulaani utumwa. Ila wenye mashamba wa Kusini walipiga kelele, na hata miezi sita haikwisha kabla ya kanuni hiyo kusimamishwa. Farasi alikuwa tayari kuvuka mto wowote, isipokuwa huo.

Richard Allen alizaliwa mtumwa mwaka 1760, akaokoka Delaware akiwa kijana. Bwana wake aliguswa na mahubiri ya Freeborn Garrettson, mhubiri wa Kimethodisti aliyewaachia huru watumwa wake mwenyewe, akakubali Allen ajinunue. Allen akapasua kuni, akafyatua matofali, akaendesha gari la kubeba chumvi wakati wa vita, akamaliza deni lake. Ndipo Asbury alipomtaka wasafiri pamoja kuhubiri Kusini. Masharti: asichangamane na watumwa, mara nyingi alale ndani ya gari, na malipo yawe chakula na nguo. Allen akauliza: nikiugua, nani atanitunza? Akakataa. Katika historia yote hii, sijakutana na swali la kiutu kuliko hilo.

Alikwenda Philadelphia, kwenye kanisa la St. George, kuwahubiria Weusi alfajiri. Walimiminika. Wenye kanisa wakajenga roshani, na Weusi wakachangia fedha na nguvu zao. Kisha ikaja Jumapili ambayo mapokeo yanaiweka mwaka 1787, ingawa wanahistoria kadhaa wanaisogeza mpaka 1792. Sala ilikuwa imeanza. Mdhamini mmoja akamshika Absalom Jones, rafiki wa Allen, aliyekuwa amepiga magoti, akaanza kumwinua: hapa si mahali pako. Jones akamwomba angoje sala iishe. Hakungoja, akamwita mwenzake aje amsaidie. Sala ilipokwisha, Weusi wote wakainuka wakatoka kwa pamoja.

Jones aliishia kwa Waanglikana, akawa kasisi wao wa kwanza Mweusi nchini humo. Allen akakataa kuacha Umethodisti. Aliona kwamba hakuna mahubiri mepesi na ya wazi yanayowafaa watu wake kama yale, na kwamba kosa lilikuwa la watu, si la fundisho. Akanunua karakana kuukuu ya mhunzi, akaiburuta kwa farasi hadi kiwanja chake cha mtaa wa Sixth. Mwaka 1794 Asbury mwenyewe akaja kuiweka wakfu, ikaitwa Betheli. Zikafuata zaidi ya miaka ishirini ya kuvutana na wazee wa St. George, waliodai kwamba jengo na mimbari ni mali yao, hadi Mahakama Kuu ya Pennsylvania ilipowapa Betheli haki. Asbury alikufa tarehe 31 Machi 1816. Siku tisa baadaye wajumbe Weusi wakakutana Philadelphia na kuunda Kanisa la Kiaskofu la Methodisti la Waafrika, Allen akiwa askofu wake wa kwanza. Mwaka 1819 askofu huyo alimruhusu Jarena Lee, mwanamke, kuhubiri. Wamethodisti Weupe wengi waliwapa wanawake haki kamili za uchungaji mwaka 1956.

Kanisa lililobaki nalo lilipasuka. Mwaka 1844 lilibishana kuhusu Askofu James Andrew wa Georgia, aliyemiliki watumwa, na Kusini wakajitenga. Waliporudiana mwaka 1939, bei ililipwa na Weusi: karibu wote wakawekwa katika jimbo moja la rangi. Jimbo hilo liliondolewa mwaka 1968, Kanisa la Muungano wa Methodisti lilipoundwa Dallas.

Mambo mengine nayapita haraka, ila moja siwezi kuliacha. Mwaka 1869 Thomas Welch, daktari wa meno wa New Jersey, alichemsha maji ya zabibu yasichache, ili kanisa lake la Kimethodisti lishiriki Meza ya Bwana bila kileo. Kinywaji kile kiko madukani hadi leo kwa jina lake.

Msomaji wa Meru au wa Ribe asije akajitafuta katika hadithi hii: Umethodisti wa Kenya ulianza mwaka 1862 kwa Waingereza, akina Thomas Wakefield. Ni wasomaji wa Katanga, wanaosali kwa Kiswahili Lubumbashi na Likasi, ambao babu zao wa kiroho ni Wamarekani, na Warundi wa Kanisa Huru la Methodisti vilevile. Sauti ya Afrika nayo imesikika. Mwaka 2019, katika mkutano mkuu wa Kanisa la Muungano wa Methodisti huko St. Louis, Waafrika wengi waliungana na wahafidhina wa Marekani kuimarisha marufuku ya ndoa za jinsia moja na wachungaji mashoga, kwa kura 438 dhidi ya 384. Sharika zipatazo 7,600 za Marekani zikaondoka kabla ya mwaka 2023 kwisha, nyingi zikiwa za wahafidhina wenyewe. Mwaka 2024, Charlotte, marufuku hiyo ikafutwa, na hapo hapo ukapitishwa mpango wa kila eneo la dunia kujitungia kanuni zake. Kanisa la Côte d'Ivoire lilijitoa mwezi Mei mwaka huo huo.

Watu wa Betheli hawakupiga kura katika ukumbi wa Charlotte. Kiwanja alichonunua Allen bado ni chao. Pale ilipoburutwa karakana ya mhunzi sasa pamesimama jengo la mawe, la nne katika kiwanja hicho, na kaburi la Allen liko chini yake. St. George nayo iko wazi, si mbali sana na hapo, na roshani yake ipo.