Asili si ya walio ng'ambo peke yao

Mwaka 2001 Tanzania ilipeleka filamu kuwania tuzo ya Oscar kwa mara ya kwanza. Ni Maangamizi: The Ancient One, ya Martin Mhando na Mmarekani Ron Mulvihill, na anayeibeba ni Amandina Lihamba, mwigizaji na mwandishi wa tamthilia aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam.

Lihamba ni Samehe, mwanamke aliyelazwa hospitali ya wagonjwa wa akili, ambaye kwa miaka mingi hajatamka neno. Daktari wake, Asira, ni Mmarekani mweusi, naye ameigizwa na BarbaraO. Amekuja kutibu, kumbe naye ana jeraha la kutowajua waliomtangulia. Mzimu uitwao Maangamizi unawashika wote wawili, na hapo ndipo filamu hii inaponigusa: aliyebaki nyumbani amepotelewa sawasawa na aliyezaliwa ng'ambo.

Sisi wa Ifakara, katika Bonde la Kilombero, tunajidanganya tukidhani asili hutafutwa na watu wa mbali tu. Wandamba walivua na kulima mpunga kando ya Mto Kilombero. Wambunga chimbuko lao ni misafara ya vita ya Wangoni. Agosti 1905 wao na Wapogoro walilishambulia boma la Wajerumani kule Mahenge, na baada ya vita hivyo vya Maji Maji ikaja njaa iliyotawanya watu. Miwa ya Kidatu ikaleta vibarua, reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya 1970 na 1975, ikaleta wengine, wakaoa na kuzaa humu humu. Kisha wakaja Wasukuma na ng'ombe wao. Mtoto wa leo anaweza kuwa na bibi Mndamba na babu Mbena, asijue kuwasalimu kwa lugha ya yeyote kati yao.

Yaliyoandikwa yako mbali naye. Mwaka 1935 kitabu cha A. T. na G. M. Culwick, Ubena of the Rivers, kilichapishwa London kikiwa na sura moja iliyoandikwa na Mtema Towegale Kiwanga. Maneno ya mtawala wa Wabena wa bonde hili, kwa Kiingereza! Inauma.

Dawa ninaiona katika kazi nyingine ya Lihamba. Mwaka 1996 yeye na mwenzake Penina Mlama walianzisha Tuseme, mradi uliowapa wasichana wa sekondari jukwaa: walichambua wenyewe yanayowasibu, wakatunga mchezo, wakauigiza mbele ya walimu wao. Njia hiyo hiyo itumike kwa habari za bonde. Wanafunzi wakae na wazee, waulize habari za njaa, mafuriko, ujenzi wa reli na ndoa za makabila mawili, kisha watunge na kuigiza, Kindamba na Kipogoro vikisikika jukwaani bila haya.

Walimu wa Ifakara, Mang'ula na Mlimba, anzeni likizo hii. Wazee wanaokumbuka wanazidi kupungua.