Washairi wa Nakivale wanasubiri kamera

MBARARA, Uganda

Mfanyabiashara anayetoka Mbarara kwenda makazi ya wakimbizi ya Nakivale, wilayani Isingiro, hubeba vitenge, sabuni na mafuta ya kupikia. Akirudi, huenda akabeba mahindi na maharage. Lakini Nakivale ina mali nyingine isiyopimwa kwa kilo: mashairi.

Makazi hayo yapo tangu karibu mwaka 1960, yalipofunguliwa kwa Watutsi waliokimbia Rwanda. Leo wapo Wakongo, Warundi, Wasomali, Wanyarwanda na Waethiopia, na kila jamii ilikuja na tungo zake. Mnyarwanda husifu ng'ombe wake kwa mashairi, kama afanyavyo jirani yake Muhima wa Ankole. Kwa Wasomali, shairi limetumika kuchochea vita na kuleta suluhu, na katika miaka ya 1970 na 1980 tungo zao zilisafiri kwa kanda za kaseti, mkono kwa mkono.

Kwa mtengeneza filamu za maisha halisi, hapo pana kazi. Norway ilikuwa na mshairi Olav H. Hauge (1908–1994), mkulima wa matunda kijijini Ulvik. Anayetaka kuonyesha maisha yake hawezi kuyaacha matufaha yake, kwa kuwa ndiyo yaliyomlisha. Tangu 2014 kijiji hicho kina kituo chenye jina lake.

Afrika Mashariki nayo ina mifano. Shaaban Robert alikuwa karani wa forodha Tanganyika kuanzia 1926 hadi 1944. Wafanyabiashara wa siku hizo walipitisha mizigo mbele ya mshairi mkubwa bila kujua. Majigambo ya Wahima wa Ankole nayo yalihifadhiwa na H. F. Morris katika kitabu kilichotoka 1964.

Mshairi wa Nakivale hana muda mrefu hivyo. Leo yupo sokoni; kesho amepata safari ya kuhamia nchi nyingine, amerudi kwao, au amezikwa. Shairi lililo kichwani mwake huondoka naye.

Kamera nayo ina masharti. Kurekodi ndani ya makazi kunahitaji kibali cha Ofisi ya Waziri Mkuu. Mshairi mwenyewe lazima akubali, maana uso wa mkimbizi ukionekana unaweza kuwaponza ndugu waliobaki nyumbani. Na akiacha meza yake sokoni ili arekodiwe, siku hiyo ina bei yake, alipwe.

Kongo iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022, Somalia ikafuata 2024. Wengi wa wakazi wa Nakivale sasa ni wana jumuiya kwa asili ya nchi zao. Mfanyabiashara anayewauzia sabuni kila wiki anawajua kwa majina, na anajua nani kati yao hunyamazisha soko akianza kughani. Mtengeneza filamu akifika Mbarara, mtu wa kwanza kumuuliza ni huyo.