Sampuli Haikutosha

Mama mmoja wa mtaani kwetu aliitwa tena hospitalini wiki 3 baada ya kupimwa saratani ya mlango wa kizazi. Usiku kucha hakulala; alikwisha kuwausia wanawe. Asubuhi muuguzi akamwambia kuwa sampuli haikutosha, sharti ichukuliwe nyingine. Hakuonekana mgonjwa, wala hakuthibitishwa kuwa mzima. Ni kana kwamba hakupimwa.

Jambo hili wengi wetu hatuelezwi. Katika kipimo cha Pap, kinachoitwa kwa jina la tabibu George Papanicolaou, seli hupanguswa kwa kijiti au brashi ndogo, hasa pale utando wa nje wa mlango wa kizazi unapokutana na wa ndani, kwani hapo ndipo saratani aghalabu huanzia. Zikishapakwa juu ya kioo, hutiwa spiriti papo hapo. Zikiachwa zikauke kwa hewa huharibika umbo, na mwenye hadubini hawezi kuzisoma. Kwa utaratibu wa Bethesda, unaofuatwa na maabara nyingi duniani, kioo chahitaji seli zipatazo 8,000 au zaidi. Damu au usaha ukifunika zaidi ya asilimia 75 ya seli hizo, sampuli hukataliwa.

Hayo ni ya mchukuaji. Na sisi tunayo yetu. Hedhi na imalizike kwanza. Kwa siku 2 kabla ya kipimo, tujiepushe na tendo la ndoa, dawa za kuingiza na kujisafisha kwa ndani. Na hapa niseme wazi, hata shabu tuliyofundishwa na masomo wetu. Kustanji kwa nje hakudhuru. Mwenye kufunga naye achague siku asiyofunga, maana kwa Mashafii kuingiza kitu ndani hubatilisha saumu.

Kwa wanaozuiwa na haya, kipo kipimo cha virusi vya papiloma, ambacho Shirika la Afya Duniani linakipendekeza. Mwanamke aweza kujichukulia sampuli mwenyewe, faraghani.

Sampuli ya pili ya Pap kwa kawaida huchukuliwa baada ya miezi 2 hadi 4. Mama yule alitaka kususa. Bintiye akamshika mkono, wakaenda pamoja, na safari hii jibu lilitoka: seli ni salama.