Ginger Baker: Mzungu mkali aliyefuata ngoma hadi Lagos

Uliza mashabiki wa bendi yoyote, watakutajia mwimbaji, labda na mpiga gitaa. Mpiga drams huketi nyuma huko, jasho likimtiririka, na jina lake wachache ndio wanalijua. Muulize tu yule anayepiga drams kanisani kwenu. Ginger Baker ni jamaa aliyekataa kabisa mambo hayo ya kusahauliwa huko nyuma.

Alizaliwa Lewisham, kusini mwa London, Agosti 19, 1939, akaitwa Peter Edward Baker. Hilo la Ginger lilitokana na nywele zake nyekundu. Babake aliuawa vitani mwaka 1943, kabla mtoto hajaanza shule. Na wala muziki haukuwa ndoto yake ya kwanza. Alitaka kuwa bingwa wa mbio za baiskeli, hadi baiskeli yake ilipogongana na teksi. Hapo ndipo akageukia drams. Si ajabu, maana shuleni alikuwa mmoja wa wale wasumbufu wa kugonga dawati mpaka mwalimu anachoka.

Aliyemfungua masikio ni Phil Seamen, mpiga drams wa jazi. Huyu alimwekea santuri za ngoma za Kiafrika, Baker akasikia midundo kadhaa ikienda pamoja bila kukanyagana. Kutoka siku hiyo hakupona. Lakini dunia ya jazi ya London wakati huo ilikuwa na heroini pia, na Baker akanaswa. Alihangaika nayo miaka mingi sana, akiacha na kurudia.

Mwaka 1966 aliunda Cream pamoja na Eric Clapton na Jack Bruce. Watu watatu tu, lakini kelele yao, bana! Baker alitumia drams kubwa mbili, kila mguu na yake. Katika kibao kinachoitwa Toad aliwafanya wenzake wanyamaze, akabaki yeye na vijiti vyake. Leo kila mpiga drams wa roki anapoachiwa jukwaa peke yake aonyeshe ufundi, anapita njia ambayo Baker alisaidia kuifyeka.

Shida ilikuwa moja: Baker na Bruce hawakuivana tangu bendi yao ya awali, ambako walifika hadi kupigana jukwaani. Cream ikavunjika Novemba 1968, ikiwa bado juu kabisa.

Msanii mwingine angebaki London ale jasho lake. Baker alichukua Range Rover mwaka 1971, akavuka jangwa la Sahara hadi Lagos. Alitaka kusikia ngoma kwa wenyewe. Alipiga na Fela Kuti, wakatoa albamu ya Live! mwaka huohuo, kisha akafungua studio mjini Lagos. Paul McCartney alipokwenda kurekodi Band on the Run mwaka 1973, wimbo mmoja ulirekodiwa hapo kwa Baker.

Sasa tusimpake mafuta. Jamaa alikuwa mkali kama pilipili. Alikosana na wenzake, alimaliza pesa, na mapenzi yake kwa farasi wa polo yalimla mfuko. Mwelekezi Jay Bulger alipotengeneza filamu kumhusu, Beware of Mr. Baker ya 2012, Baker alimpiga kwa mkongojo puani, kamera ikiona. Kipaji hakimsafishi mtu tabia, na waliomlipia gharama zaidi ni watu wake wa karibu.

Alifariki Oktoba 6, 2019, akiwa na miaka 80. Tony Allen, aliyekuwa mpiga drams wa Fela na mmoja wa waliounda afrobeat, alimfuata Aprili 2020. Hili ndilo jambo linalonikera: ukisoma orodha za wapiga drams bora duniani, Baker hakosi kuwa karibu na kilele, ilhali Allen mara nyingi lazima umtafute chini huko. Baker mwenyewe alisafiri maelfu ya kilomita kwa sababu alijua mabingwa wako wapi.

Kwa hivyo ukivaa spika za masikio leo, tafuta Live! Msikilize Baker, halafu usikilize vizuri kikosi cha Lagos kilichomkaribisha.