Yai la Vegreville

Mwacha asili ni mtumwa, walisema wahenga. Katika mji mdogo wa Vegreville, kiasi cha kilomita 100 mashariki ya Edmonton, Kanada, wako watu walioukataa utumwa huo.

Wakulima wa Kiukraine walianza kuhamia Kanada mwaka 1891, wakitafuta ardhi ya ngano. Hawakupokewa vyema daima. Vita vya 1914 vilipozuka, maelfu yao walitiwa kambini kwa kuwa walitoka dola ya Austria.

Hata hivyo ufundi wao wa pysanka haukufa. Yai huchorwa kwa nta ya moto, kisha hutiwa katika rangi. Palipo na nta rangi haiingii. Mayai hayo hupeanwa wakati wa Pasaka.

Mwaka 1975 mji ulisimamisha pysanka ya alumini, urefu wake mita 7.8, uzito zaidi ya tani 2, kuadhimisha miaka 100 tangu polisi waingie Alberta. Nchi mpya ilishukuriwa, lakini kwa pambo la wazee.

Yai hilo hugeuka kila upepo uvumapo. Nguzo yake, msomaji, haitikisiki.